Jibu: Burke na Paine waligombania nini hasa?

Mkuu, umeuliza kwa nini Edmund Burke, mbunge wa Uingereza, na Thomas Paine, mwandishi aliyeunga mkono mapinduzi, walishikana mashati juu ya makabaila, yaani watu wa vyeo vya kurithi. Kiini ni urithi. Ufaransa ilifuta vyeo vya kikabaila Juni 1790. Novemba mwaka huo, Burke akawatetea makabaila: kwake makabaila ni ile nakshi ya juu ya nguzo, pambo la jamii iliyostaarabika. (Mwenyewe alikuwa mtoto wa wakili wa Dublin tu!) Paine akamjibu 1791: mtunga sheria wa kurithi ni kichekesho sawa na mwanahisabati wa kurithi. Hapo alimbana kwelikweli. Serikali ya Uingereza haikucheka. Desemba 1792 Paine alitiwa hatiani kwa uchochezi, akiwa keshavuka kwenda Ufaransa. Na huko akapinga mfalme Louis kuuawa.