Spider-Man wa kanzu kwenye fulana

Ndugu mchoraji wa Bagamoyo, umeuliza kama ukimvisha Spider-Man kanzu na kofia ya viua unaweza kumchapa kwenye fulana na kuwauzia watalii. Bila ruhusa, hapana. Vazi halibadili mwenye mali: Sheria ya Hakimiliki ya 1999 inamwachia yeye haki ya kuruhusu kazi yake igeuzwe.

Mickey Mouse wa 1928, yule asiye na glavu, aliachiwa huru Marekani Januari 2024, hakimiliki yake ilipoisha. Jina lake bado ni alama ya biashara, usiliandike kifuani.

Mimi ningekushauri Sherlock Holmes, yule mpelelezi wa hadithi za Kiingereza. Mwandishi wake alifariki 1930, muda wa hakimiliki umekwisha. Ila mchore kutoka vitabuni, usinakili sura ya mwigizaji wa filamu. Mvishe msuli, mtembeze magofu ya Kaole na kiko chake mdomoni.