Samora Machel hakuwa daktari: alikuwa muuguzi

Mkuu, umeuliza kama ni kweli Samora Machel, rais wa kwanza wa Msumbiji, alikuwa daktari, na alihusianaje na Bagamoyo yetu. Daktari hapana. Alikuwa muuguzi katika hospitali kubwa ya Lourenço Marques, Maputo ya leo. Kwao ni Chilembene, mkoa wa Gaza, alikozaliwa 1933.

Mwaka 1963 alitoroka akaja Tanganyika kujiunga na FRELIMO, chama kilichopigania uhuru wa Msumbiji kutoka kwa Wareno, kisha akapelekwa Algeria kujifunza vita. Aliporudi akakabidhiwa kambi ya Kongwa, Dodoma. Hapo ndipo ninapomheshimu zaidi, maana kuwatoa vijana wa makabila mbalimbali, wengi hawajui kusoma, na kuwafanya jeshi moja la kumkabili Mreno si kazi ndogo. Filipe Magaia, mkuu wa jeshi la FRELIMO, alipouawa 1966, Samora akashika uongozi wa jeshi. Eduardo Mondlane, rais wa FRELIMO, naye akauawa kwa bomu Dar es Salaam, Februari 1969, na mwaka uliofuata Samora akawa rais wa chama.

Bagamoyo yenyewe ilikuwa na shule ya sekondari ya FRELIMO, na Graça, ambaye baadaye aliolewa na Samora, alifundisha hapo. Wazee wetu waliishi na wapigania uhuru hao jirani kabisa, na inaniuma kuona vijana wa mji huuhuu hawaambiwi.

Urais wa nchi aliupata siku ya uhuru, 25 Juni 1975. Alifariki 19 Oktoba 1986, ndege yake ilipoanguka Mbuzini, Afrika Kusini, akitokea mkutanoni Zambia. Chanzo cha ajali bado kinabishaniwa.