Maswali ya Wasomaji: Paa la Majani, Asali ya Juu Mtini

SWALI: Tembe letu la udongo huvuja kila kifuku. Wambuti wa msitu wa Ituri, Kongo, hulala kwenye vibanda vya majani na mvua ya huko haina mchezo. Wanafanyaje? – Msomaji, Bahi, Dodoma

JIBU: Ndugu msomaji, Dodoma kwa mwaka haifikishi milimita 600 za mvua, Ituri hupita 1,600. Udongo juu ya paa ungelainika na kuporomoka, kwa hiyo kinachotumika ni jani la mongongo, pana na lenye bua refu.

Mjenzi ni mwanamke. Huchomeka fito changa kwa duara, akazikunja na kuzisuka juu mpaka zifanane na kikapu kilichofunikwa. Kisha hupasua bua la kila jani, ule mpasuko ukawa ndoano, akayashikanisha mawili matatu na kuyatundika kwenye fito. Huanzia chini na kupanda, jani la juu lilalie la chini kama vigae. Ukianzia juu, kila jani litamwaga maji ndani.

Majani yakikauka hujikunja, na panapopenya mwanga ndipo patakapovuja. Paa haliezuliwi: mwenye nyumba huchomeka jani bichi pale pale akiwa ndani. Anayekiita kibanda hiki cha kimaskini hajakitazama kwa karibu. Baada ya wiki kadhaa kambi huhama kufuata mawindo, na majani yanaozea pale pale, chini ya msitu ambao Wambuti huuita baba na mama.

SWALI: Je, Wambuti nao huongozwa na ndege mlembe kwenye asali kama sisi? – Mfuga nyuki, Itigi

JIBU: Hapana. Mlembe anayeongoza watu ni ndege wa mapori ya wazi kama ya kwenu, msitu mnene si makazi yake. Wambuti hufuata njia ya nyuki kwa macho na kutega sikio wasikie mvumo juu mtini. Mpandaji hubeba shoka na makaa ya moto yaliyofungwa kwa majani mabichi, ya kufukizia nyuki. Majani yakizidi, moto hufa. Yakipungua, unawaka na kuunguza masega. Asali nyingi hupatikana kati ya Mei na Julai, inapochanua miti mikubwa ya jamaa moja na miombo yenu, na siku hizo hata nyavu za kuwindia huwekwa kando. Miti isipochanua vizuri, mwaka huo asali ni haba.