Maswali yenu ya wiki: ngome, miji ya kale na hizi haraka zenu

Wiki hii karibu wote mmeuliza kitu kimoja kwa maneno tofauti, una siku moja au mbili, unataka kuzunguka magofu na ngome za pwani ukiwa na mtu wa kukuongoza, ufanyeje. Yaliyofanana nimeyaunganisha. Waliouliza "kila kitu ni shingapi" sijawajibu, viingilio vinabadilika na mwenyeji na mgeni hawalipi sawa, pigeni simu.

Niko Dar, nina Jumamosi na Jumapili tu. Nataka Kilwa, Bagamoyo na Unguja zote, inawezekana?

Haiwezekani, na hata ingewezekana sijui ungekuwa umeona nini zaidi ya dirisha la basi. Dar mpaka Kilwa Masoko ni zaidi ya kilomita 300. Ondoka Ijumaa, lala Masoko, Jumamosi ofisi ikifunguliwa tu chukua kibali, maana kibali unakatia huku bara kabla ya kuvuka kwenda kisiwa cha Kilwa Kisiwani, usije ukafika kisiwani mikono mitupu ukaanza kubembelezana na watu. Vuka mapema kabla jua halijawa kali. Kisiwa chenyewe kiko pale mbele unakiona.

Sasa hapa ndipo watu wanaponiudhi. Boti ikishafika wanakwenda Gereza, ile ngome ya ufukweni, picha mlangoni, wanapita Msikiti Mkuu dakika kumi, halafu wanauliza tunarudi saa ngapi. Msikiti Mkuu! Sehemu yake ya kaskazini ni ya karne ya 11 au 12, ule ukumbi mkubwa uliongezwa karne ya 14 na ukaja kujengwa upya karne ya 15, nguzo zina pembe nane, na ukiingia ndani usimame chini ya kuba moja uangalie juu utaona chokaa bado imeshika. Dakika kumi zinatosha kuvua viatu tu.

Na usikubali kuondoka bila kufika Husuni Kubwa. Ni mwendo kidogo upande wa mashariki, juu ya jabali linaloangalia bahari, na mwongozaji mvivu atakwambia kule hakuna kitu ni mawe tu twende tukanywe madafu. Ni kasri la karne ya 14 la Sultani al-Hasan bin Sulaiman, vyumba zaidi ya 100, na bwawa la kuogea la pembe nane ambalo umbo lake unalisoma mpaka leo bila kuelekezwa. Kuna ngazi zilizokuwa zinateremka mpaka baharini. Ibn Battuta, yule msafiri wa Morocco, alipofika Kilwa mwaka 1331 sultani alikuwa huyohuyo, walimwita Abul-Mawahib kwa jinsi alivyokuwa anagawa mali, na huo mkono wazi ulilipiwa na dhahabu ya Sofala, Msumbiji ya leo, iliyokuwa inapitia hapo. Mnaotaka kuona utajiri wa pwani ulikuwaje, mkae hapo kwenye bwawa, siyo Gereza.

Kama kweli una siku moja na hutaki kulala, nenda Kaole pale Bagamoyo, kuna msikiti wa karne ya 13 na makaburi ya nguzo, na jioni uko nyumbani. Unguja iache kwa safari yake.

Na Songo Mnara, kile kisiwa cha jirani chenye magofu?

Ndiyo, lakini ulizia maji kwanza. Maji yakikupwa utakanyaga tope la mikoko mpaka magotini, na wenye mashua wengine hawakwambii mpaka umeshalipa.

Kilwa kuna ngome ya Wareno kweli au ndiyo ile Gereza?

Wareno walifika Julai 1505, Francisco de Almeida na meli zake, wakaupora mji, wakajenga ngome, 1512 wakaondoka zao. Miaka saba. Hilo jengo unaloliona leo sehemu kubwa ni la Waomani wa karne ya 19 lililokaa juu ya mabaki ya Wareno. Sasa mji uliokuwepo karne na karne, uliopiga sarafu zake wenyewe kwa majina ya masultani wake, sarafu ambazo nyingine zilikuja kuokotwa 1944 kwenye kisiwa cha kaskazini mwa Australia, mji huo unaupa mgongo, halafu picha yako ya profaili ni ukuta wa watu waliokuja kuuteka. Nimelisema hili sana na sitaacha, pwani yetu ngome nyingi ni za waliokuja baadaye na mizinga, mji ndio wa wenyewe. Una saa tatu? Mbili na nusu zipeleke kwenye mji.

Ingawa Gereza nalo lionee huruma, bahari inakula kuta. Hiyo ni sababu mojawapo Kilwa na Songo Mnara, zilizoingia urithi wa dunia 1981, zilikaa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini kuanzia 2004 mpaka 2014. Kwahiyo mtu akikwambia usipande ukutani, shuka, usibishane.

Eti haya magofu yote yalijengwa na Waarabu?

Mpaka lini jamani. Kila msimu swali hilihili, na kila msimu muulizaji anaongeza "nimeambiwa na guide".

Kilwa watu walikuwa wanaishi tangu kama karne ya 9, nyumba za miti na udongo, kabla hata ya hizo za mawe. Jiwe lenyewe ni matumbawe. Yale laini yalikatwa chini ya maji yakachongwa yakiwa bado mabichi, yakikauka yanakuwa magumu, ndiyo utayaona kwenye vibla na fremu za milango. Chokaa ni matumbawe yaliyochomwa. Dari ni boriti za mikoko, na boriti haiwi ndefu sana, ndiyo maana ukiingia chumba chochote Songo Mnara, au Gede kule Kenya karibu na Malindi, unakuta ni chembamba kama ushoroba, nyoosha mikono uone, mita mbili na nusu hivi, hata tajiri hakuweza kuzidisha kwa sababu mti umegoma. Huo ni ufundi wa mtu anayeijua pwani hii na mikoko yake tangu utoto.

Najua, mtaniletea hadithi ya Ali bin al-Hasan wa Shirazi aliyekinunua kisiwa kwa nguo. Hadithi nzuri, na ina chembe yake. Utafiti wa DNA uliotoka 2023, wa mifupa kutoka makaburi ya zamani ya pwani, ulikuta kwa wengi upande wa mama ni wa Kiafrika na upande wa baba una Uajemi ndani yake, mchanganyiko wenyewe ukianza kama mwaka 1000. Sawa, wageni walikuja, wakaoa, wakazaa, wakazikwa hapa. Lakini kuoa siyo kujengewa mji. Mwongozaji akikwambia waliletewa kila kitu na meli, muulize chokaa alichoma nani.

Mwongozaji ni lazima? Simu yangu ina ramani.

Kilwa Kisiwani nenda naye tu, hilo halina mjadala. Kwingine unaweza kuzunguka mwenyewe ila utaona kuta, na kuta ni kuta.

Mchukue mtu wa hapohapo. Siyo dereva aliyekutoa hotelini. Kuna kampuni moja iliwahi kuniuzia "Gede na Malindi kwa siku moja", tukafika Gede tukapewa dakika arobaini, mwongozaji wao alikuwa anasoma vibao kwa sauti kama vile sisi hatujui kusoma, na zilizobaki tukapelekwa kwenye duka la vinyago ambako bila shaka ana chake. Kabla hujalipa patana mambo mawili, saa ngapi mtakaa na majengo gani mtaingia, yataje kwa jina. Asipoyajua hayo majina umeshapata jibu lako.

Gede kwa mfano, nyumba zimepewa majina ya vitu vilivyokutwa ndani mwanaakiolojia James Kirkman alipoanza kuchimba mwaka 1948: Nyumba ya Mkasi, Nyumba ya Taa ya Chuma, Nyumba ya Sarafu za Kichina. Mwambie nipeleke Nyumba ya Mkasi. Halafu akuoneshe vyoo vyao, mifereji, kisima cha msikitini na pale maji yalipokuwa yanapita ya kutawadhia, na kaburi lenye tarehe ya mwaka unaolingana na 1399. Mji ulihamwa karne ya 17, wasomi wanavutana kwa nini, na wengine wanasema visima vilikauka. Mwongozaji mzuri atakupa sababu zote na kusema ipi anaiamini yeye. Mbaya atakupeleka kwenye majini.

Ni kweli Gede kuna majini?

Nimeshajibu hapo juu.

Je, Stone Town inahesabika mji wa zama za kati?

Hapana. Majumba mengi mnayoyaona Forodhani na Shangani ni ya karne ya 19, na Ngome Kongwe ni ya Waomani baada ya kuwatoa Wareno. Ni mji mzuri, uende, ila ukitaka cha zamani kweli Unguja teremka Kizimkazi, kuna msikiti una maandishi ya Kikufi, mwandiko wa zamani wa Kiarabu, ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107. Watu wanapita pale wakikimbilia pomboo hata shingo hawageuzi.

Nitakuwa Mombasa asubuhi moja. Fort Jesus inatosha?

Asubuhi moja inatosha Fort Jesus, na kwa kuwa najulikana siipendi sana acha niitendee haki. Wareno waliijenga kuanzia 1593 mpaka 1596, ramani ikachorwa na Mwitaliano Giovanni Battista Cairati. Mwaka 1631 Sultani Yusuf bin Hasan, waliyemlea wenyewe Goa kule India wakambatiza, aliwageuka akaiteka. Halafu mzingiro wa Waomani, 1696 mpaka Desemba 1698, humo ndani maradhi yaliwamaliza Wareno mpaka ikafika wakati ngome inashikiliwa na Bwana Daud wa Faza, kule kisiwa cha Pate, na watu wake wa pwani. Hicho kipande waongozaji wengi wanakiruka. Kiulizie. Uliza pia michoro ya ukutani ya mabaharia wa Kireno, meli zimechorwa kwa mkaa, na vitu vilivyotolewa kwenye meli ya Kireno iliyozama hapo mbele 1697. Waingereza waliifanya jela mpaka 1958, na urithi wa dunia imekuwa 2011.

Ila ukiwa na siku nzima, toka Mombasa asubuhi na matatu ya Malindi, karibu kilomita 100, shuka Gede. Nao wameingia urithi wa dunia, 2024, mtu asikwambie tena ni magofu ya porini.

Watoto watachoka?

Kilwa watachoka, Gede hawatachoka, kuna kivuli na tumbili. Msiwape ndizi tafadhali, wameshaharibika tabia wanapora mpaka mikoba.

Nivae nini Kilwa Kisiwani?

Nguo. Kisiwani kuna kijiji, watu wanaishi, wanaswali, wanakuona. Kofia na maji usisahau.

Drone naruhusiwa?

Tanzania na Kenya kote inataka vibali tena vya ofisi zaidi ya moja, kwa safari ya siku mbili achana nayo.

Niliokota kigae kidogo cha kauri ya Kichina ufukweni Kilwa, kiko nyumbani. Kina thamani?

Kina thamani kikiwa pale kilipokuwa. Kukiondoa ni kosa kisheria, na kununua kwa watoto wanaouza ni kosa vilevile na ndiko kunakowafanya waendelee kuchimba. Kirudishe ofisini Masoko, waeleze ulikiokota sehemu gani hasa, na usiniandikie tena kuulizia mnunuzi.