Kesi ya shamba la marehemu baba imefungwa. Tufungue nyingine?

Swali: Shikamoo wakili. Baba yetu alifungua kesi ya shamba lililopo Pongwe katika Mahakama Kuu, Tanga. Akafariki kesi ikiendelea. Sisi watoto tulidhani mahakama itatuita. Tulipokwenda masjala tumeambiwa faili limefungwa, muda umepita. Je, tufungue kesi mpya? (Msomaji, Ngamiani)

Jibu: Marahaba, na poleni sana kwa msiba. Msifungue chochote kabla hamjaisoma amri iliyoifunga kesi. "Muda umepita" ni maelezo ya kaunta tu. Jaji aliandika sababu yake, na sababu hiyo ndiyo inayoamua mpite njia gani. Ombeni nakala ya amri na mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu za yaliyoendelea mahakamani.

Kwa ulivyoeleza, nahisi shauri lilikoma, yaani lilifungwa bila kuamuliwa, kwa sababu ya kifo. Haki ya kudai shamba haikuzikwa na baba, lakini mahakama haina kazi ya kuwatafuta warithi. Msimamizi wa mirathi ndiye anayeomba kuingia badala ya marehemu, na Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, inampa siku 90. Kwa familia iliyotoka msibani, yenye kikao cha ukoo na maombi ya mirathi mbele yake, mimi naziona ni chache mno. Zikipita, shauri linakoma, na Amri ya 22 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inakataza kesi mpya juu ya dai lilelile. Ndiyo maana nimewazuia. Mnachoweza ni kuomba shauri lirudishwe, mkionyesha sababu ya kutosha iliyowazuia.

Ikiwa amri inasema pande zote mbili hazikufika, mna nafuu: kuomba irudishwe ndani ya siku 30, au kufungua upya kama ukomo, yaani muda wa mwisho wa kufungua dai, haujafika. Ukomo wa madai ya ardhi ni miaka 12, na kwa kawaida hausimami eti kwa kuwa kesi ilikuwa mahakamani. Lakini kama mdaiwa alifika na upande wenu haukufika, kesi mpya hairuhusiwi; ombeni irudishwe.

Kwa kuomba irudishwe mmechelewa, hivyo mtaanza na maombi ya kuongezewa muda. Katika shauri la Lyamuya Construction la mwaka 2010, Mahakama ya Rufani ilisema mwombaji aeleze kipindi chote cha ucheleweshaji. "Hatukujua sheria" haitawasaidia. Hati ya kiapo ibebe tarehe na vielelezo: cheti cha kifo, muhtasari wa kikao cha ukoo, hati ya usimamizi wa mirathi. Kama hamjateua msimamizi, anzeni hapo, maana bila yeye hakuna wa kuapa kwa niaba ya marehemu.

Tarehe mliyokwenda masjala iandikeni leo. Kila siku iliyofuata mtaulizwa mlikuwa mnafanya nini.