Jibu: Mashine ya CD4 inahesabu tu, au inatenganisha seli pia?

Mkuu, kwanza hilo swali lako la mashine "inazionaje" seli. Damu ya kwenye kile kichupa cha kifuniko cha zambarau, chenye dawa ya kuzuia damu isigande, huchanganywa na kingamwili zilizobandikwa rangi. Kingamwili hizo hunata kwenye seli zenye CD4, yaani protini iliyo juu ya baadhi ya seli nyeupe za kinga. Zisizo nayo zinapita bila rangi. Kisha seli husukumwa moja moja kwenye mkondo mwembamba mbele ya leza, mara nyingi ya buluu ya nanomita 488. Yenye rangi ikimulikwa hurudisha mwanga mwingine, tuseme wa chungwa, na kitambuzi kinaudaka. Mwanga unaotawanyika kuelekea mbele unaonyesha ukubwa wa seli, wa pembeni unaonyesha chembechembe za ndani. Seli maelfu kwa sekunde!

Usidhani leza ndiyo inayosumbua, lakini. Kinachotesa ni kidonge kidogo cha damu iliyoganda kwa sababu mtu hakugeuzageuza kichupa. Kikiziba njia, asubuhi yote imekwenda.

Kutenganisha? Hizi za kliniki hapana, zinahesabu na damu inaishia kwenye taka. Za kutenganisha hutikisa mkondo mpaka ukatike matone. Tone lenye seli unayoitaka hupewa chaji ya umeme, likipita kati ya bamba mbili zenye volti maelfu linavutwa kwenye kichupa chake. Mtafiti Mack Fulwyler alifanya hivyo kwenye maabara ya Los Alamos, Marekani, mwaka 1965, akiazima ufundi wa kurusha matone ya wino. Yeye alipima ukubwa tu. Rangi na leza zililetwa baadaye na kina Leonard Herzenberg pale Chuo Kikuu cha Stanford.