Ukitaka kuandika historia ya redio ya mjini kwenu, anzia ofisi ya masoko

Wanafunzi wa uandishi wa habari hunijia mara kwa mara wakitaka kuandika utafiti juu ya redio ya FM ya mkoani kwao, na karibu wote hushika njia moja. Wanamtafuta mtangazaji mwenye jina, wanakaa naye saa nzima, wanaondoka na visa vitamu. Visa hivyo navipenda sana na vina nafasi yake. Ila mtangazaji alikuwa studio. Redio ya biashara iliendelea kuwa hewani kwa kazi ya watu wa chumba cha pili, wanaouza matangazo, na ya fundi mitambo aliyekuwa akipanda mlimani usiku umeme ukikatika. Mimi nilikuwa upande wa masoko kwenye redio ya mkoani kabla sijaanza kukusanya habari za redio hizi, na ushauri wangu kwa yeyote anayetaka kuanza ni kwamba aanzie huko.

Kabla hujamhoji mtu, ijue miaka. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 1990 Tanzania Bara ilikuwa ikisikiliza Redio Tanzania Dar es Salaam. Usije ukaandika kwamba matangazo ya biashara yaliletwa na redio binafsi, maana RTD yenyewe ilikuwa na Idhaa ya Biashara. Sheria ya mwaka 1993 ndiyo iliyowaruhusu watu binafsi kurusha matangazo, na mwaka uliofuata Radio One na Radio Tumaini zikasikika Dar es Salaam. Mwanza ikapata Radio Free Africa, na mikoa mingine ikafuata. Leseni za mwanzo zilitolewa na Tume ya Utangazaji. TCRA, yaani Mamlaka ya Mawasiliano, imekuja baadaye, kwa sheria ya 2003. Ukiona mahali pameandikwa kwamba redio fulani ilipewa leseni na TCRA mwaka 1998, ujue aliyeandika hakuuliza.

Wazee wa redio watakutajia miaka inayogongana. Usibishane nao. Waulize redio ilikuwa hewani meli ya MV Bukoba ilipozama, Mei 1996? Mvua za El Niño za 1997 na 1998 je? Siku Mwalimu Nyerere alipofariki, Oktoba 1999, mlipiga nyimbo gani? Hapo kumbukumbu hutulia. Mara nyingi pia utakuta wote wanasema kweli, kwa sababu redio ina siku tatu za kuzaliwa: siku ya leseni, siku ya kuanza majaribio, na siku ya uzinduzi mgeni rasmi alipofika. Kati ya majaribio na uzinduzi huweza kupita miezi, muziki mtupu na jina la kituo linatajwa kila baada ya muda. Msikilizaji anaikumbuka siku ya majaribio, mwenye redio anaikumbuka ya uzinduzi. Ziandike zote tatu.

Halafu fuatilia mwenye redio alikuwa akifanya nini kabla. Hili watu hulipita haraka na ndilo linaloeleza sauti ya kituo. Clouds FM ilitokana na biashara ya disko ya Joseph Kusaga na studio ya Mawingu, kwa hiyo haishangazi kwamba ilipokuja hewani mwishoni mwa miaka ya 1990 ikasimama kwenye burudani na wasanii wa Bongo Fleva. Radio One ilikuwa ya IPP, kampuni ya Reginald Mengi, aliyekuwa na viwanda. Redio Abood ya Morogoro ina jina lililokuwa likisomeka kwenye mabasi. Mtaji wa kwanza ulitoka wapi, na mwenye nao alikuwa akiwajua akina nani mjini? Ukijibu hayo, nusu ya kazi umeimaliza.

Sasa twende kwenye makaratasi. Omba daftari la matangazo. Kila kituo cha biashara kilikuwa na daftari au ratiba inayoonyesha saa, tangazo lililopigwa, na saini ya aliyelipiga, kwa sababu mteja alikuwa akidai uthibitisho kabla ya kulipa. Usilisome kwa haraka. Kurasa za mwanzo utakuta vifo, minada, maduka ya vifaa vya ujenzi, mikutano ya injili, kitambulisho kilichopotea. Ukifika miaka ya 2000 zinaingia kampuni za simu, na daftari linabadilika kabisa: tangazo moja linapigwa mara kumi kwa siku, na lile la fundi cherehani wa sokoni linasukumwa hadi alfajiri. Mimi naona hapo ndipo redio nyingi za mikoani zilipoanza kuongea na Dar es Salaam kuliko na mtaa wao, na sijawahi kusikia mtangazaji akilisema hili kwa uwazi kama daftari linavyolisema.

Kitu cha pili ni kadi za salamu. Kama kituo bado kinazo, usikubali zitupwe. Msikilizaji alinunua kadi dukani, akaandika jina lake na mahali alipo, akaorodhesha anaowasalimu, akamalizia na ujumbe. Nilipewa fungu moja lililofungwa kwa raba, wino umefifia, pembeni kuna alama ya vema ya mtangazaji kuonyesha imesomwa. Nikaanza kuandika majina ya vijiji vilivyotajwa na kuvitia alama kwenye ramani. FM husafiri kwa mstari ulionyooka. Mlima ukisimama katikati, ng'ambo hakuna kitu. Kadi zilikuwa nyingi kutoka bonde moja na hakuna hata moja kutoka ng'ambo ya safu ya milima, ingawa huko ni karibu zaidi na mjini. Fundi mitambo alipoiona ramani alinionyesha kwa kidole mahali ambapo mnara ungewekwa kama fedha ingetosha. Mazungumzo yetu bora yalianzia hapo: jenereta, mafuta, mgao wa umeme wa 2006, mtambo uliopigwa radi.

Kwa sauti zenyewe, usitarajie nyingi. Kaseti zilikuwa ghali, kwa hiyo kipindi kipya kilirekodiwa juu ya cha zamani. Zilizobaki ziko majumbani, kwa watangazaji waliostaafu na kwa familia za waliofariki. Ukikabidhiwa kaseti ya zamani usiitumbukize moja kwa moja kwenye redio kaseti. Itazame utepe kama una ukungu, uzungushe taratibu kwa kalamu kwanza, na utumie mashine uliyoijaribu kwa kaseti isiyo na thamani. Hifadhi kwenye faili la WAV, si MP3 pekee, na kopi zikae sehemu tofauti. Kaseti ya mtu irudishe mkononi mwake, pamoja na nakala anayoweza kuisikiliza kwenye simu. Familia zikijua unarudisha, na jirani atakuletea zake.

Ukimaliza, peleka nakala moja kituoni na nyingine maktaba ya mkoa, daftari la matangazo ukiwa umelipiga picha ukurasa kwa ukurasa. Na kama fundi mitambo wa kwanza bado yupo hai, mpigie wiki hii.